Jandoni Hakuna Kesho

Jumamosi moja tulikaa kijiweni kwetu Temeke, sisi wa kundi la waandishi chipukizi, tukibishana kama kawaida yetu. Mada ya siku hiyo ilikuwa hadithi za dunia za kubuni. Mwenzetu mmoja, kijana msomaji kwelikweli, akasema maneno yaliyonichoma. Ati sisi watu wa huku hatujawahi kubuni dunia nzima yenye sheria zake, siku zake na muziki wake. Tunaye sungura na fisi, basi; hayo mengine ni mambo ya Wazungu, sisi tunaiga tu. Watu wakacheka, wengine wakatikisa vichwa kukubali. Mimi nilinyamaza.

Sikunyamaza kwa kukosa jibu. Jibu nilikuwa nalo, ila limefungwa. Mimi upande wa mama ni mtu wa Newala, nimepita jandoni, na ya jandoni hayasemwi kijiweni mbele ya kila apitaye. Nilikaa nalo moyoni miezi kadhaa, mpaka nilipopata safari ya nyumbani nikamwuliza mjomba wangu, ambaye ni mpiga ngoma: "Mjomba, katika yale ya jandoni, kipi kinaandikika?" Akanionyesha mpaka. Nyimbo, hapana. Mafunzo, hapana. Ngoma yenyewe, namna inavyokwenda tangu mwanzo hadi mwisho, hiyo hata mama zetu wanaisikia wakiwa majumbani, kwa hiyo si siri. Basi nitakwenda ndani ya mpaka huo. Nawe uliyepita huko utaona mahali nilipokanyaga breki; niwie radhi, unyamaze kama mimi.

Kwanza tuelewane juu ya mahali. Masasi ipo chini, kwenye nchi ya milima ya mawe matupu, kila mlima umesimama peke yake kama mzee aliyenuniana na wenzake. Ukitoka hapo kuelekea mashariki, njia inapanda uwanda wa juu wa Makonde, na Newala imekaa ukingoni kabisa. Ukisimama ukingoni pale unaona nchi imeporomoka hadi bonde la mto Ruvuma, na ng'ambo yake ni Msumbiji. Huko juu mvua inanyesha vizuri tu, lakini maji hayakai, mchanga unayanywa yote. Zamani mabibi zetu walishuka ukingo kufuata maji, wakapanda nayo kichwani. Wamakonde, Wamakua na Wayao wamechanganyikana katika wilaya hizi, na wote asili yao ni kufuata ukoo wa mama. Ndiyo maana kwetu mwenye kauli juu ya mtoto kwenda jandoni ni mjomba. Jambo hili la mjomba lishike, litarudi.

Sasa ngoma. Watu wa mjini wakisikia jando wanafikiria kisu. Kisu, bwana, ni dakika moja. Yote yaliyobaki ni ngoma na wakati.

Kwa Kimakonde tunasema likumbi. Usiku wa kuamkia siku ya kuingia, ngoma zinapigwa mpaka alfajiri na kijiji kizima hakilali. Asubuhi watoto wanachukuliwa, na tangu saa hiyo kwa mama zao ni kama wamekufa. Kambi ipo porini, na huko ni nchi nyingine. Jina lako la utoto unaliacha nje. Vyakula vina masharti. Vitu vya kawaida vinaitwa kwa maneno mengine. Jioni mnaimba kuuzunguka moto, na kabla ya jua kuchomoza mnaimba tena. Zamani hali hiyo iliendelea kwa miezi, tangu mavuno yanapoingia ghalani mpaka karibu na mvua. Siku ya mwisho kambi inachomwa moto, wari wanakimbia bila kugeuka nyuma, wananyolewa, wanaogeshwa, wanavishwa nguo mpya, wanapewa majina mapya. Wanarudi kijijini wakiwa wageni. Mama anaangalia kundi la vijana walioinamisha vichwa, amtafute yupi ni wake.

Ndipo midimu inatoka. Ng'ambo ya Ruvuma wanaiita mapiko. Ni wacheza ngoma waliofunikwa mwili mzima na kuvaa kinyago kichwani au usoni, wengine wanatembea juu ya miti mirefu kuliko mapaa ya nyumba. Mtaalamu wetu J.A.R. Wembah-Rashid aliandika juu yao mwaka 1971 katika jarida la African Arts, pamoja na isinyago, wale wenye maumbo ya wanyama. Midimu ni watu waliokufa. Wamesikia kwamba watoto wamevuka salama, wamekuja kusherehekea. Wanawake wanakimbia wakipiga vigelegele na mayowe ya woga kwa pamoja. Mle ndani ya kinyago kuna nini, mimi sikuambii. Watu wazima wote wanacheza sehemu yao, na mtoto mdogo pembeni anatetemeka kweli.

Haya, niambie wewe uliyesema kijiweni: hiyo ni nini kama si dunia ya kubuni? Ina mipaka, ina lugha, ina sheria, ina wenyeji wake ambao ni wafu. Na kila mlango wake unafunguliwa na ngoma.

Mjomba alinieleza kwa vidole juu ya meza. Kuna chinganga, ngoma ndogo yenye mguu uliochongoka unaochomekwa ardhini, inapigwa kwa vijiti vyembamba. Kuna ntoji. Kuna likuti. Ngozi zote zinaoteshwa moto kwanza, maana ngozi baridi haisemi. Chinganga, anasema Mjomba, inakwenda mbio na haibadiliki. Ukiifuata hiyo peke yake utachoka, lakini hutapotea. Ngoma nyingine ndizo zinazoizunguka, moja inahesabu mbili pale nyingine inapohesabu tatu, zinaachana, zinakutana, zinaachana tena. Mchezaji wa midimu anazisikiliza. Ghafla zote zinakatika pamoja, naye anasimama, mguu juu. Kimya. Kisha zinaanza.

Nilimwuliza, "Mjomba, kile kimya kinachukua muda gani?"

Akacheka. "Kile si chetu, mpwa wangu. Kile ni cha wao. Wao hawana haraka."

Hapo ndipo nilipoelewa kitu nilichokipitia nikiwa mtoto bila kukielewa. Utungo huu mzima, tangu mkesha hadi midimu, unazungumzia wakati. Upo wakati wetu wa mashamba na chakula, unaokwenda mbele. Upo wakati wa kambi, ambao umesimama. Upo wakati wa wafu, ambao kwao hakuna jana wala kesho. Mtoto anapitishwa kutoka wa kwanza hadi wa pili, anaonyeshwa wa tatu kwa mbali, halafu anarudishwa akiwa mtu mwingine. Na aliyeutunga huwezi kumtaja, maana kila mpigaji ameupokea kwa mjomba wake akaongeza kidogo.

Niseme yangu. Mimi niliingia likizo ya Juni, nikiwa darasa la nne. Nilikuwa mtoto mwoga wa shule. Niliogopa kwamba shule itafunguliwa na mimi niko porini. Basi kila asubuhi nilichukua kipande cha mkaa nikachora mstari kwenye nguzo ya kibanda, karibu na nilipolala. Mstari wa tano, wa sita, wa saba. Siku ya nane mzee mmoja wa kambi akaiona. Sikupigwa. Alitemea mate kidole gumba, akaifuta mistari yote, mmoja mmoja, polepole. Akasema, "Huku hakuna kesho." Akaenda zake.

Nililia usiku ule kuliko siku ya kisu. Lakini baada ya hapo, sijui ni siku ngapi, kitu kilitulia ndani yangu. Niliacha kuhesabu. Nyimbo za jioni zikawa ndefu, na sikutaka ziishe. Halafu siku moja, mara moto, mara kimbieni, kumbe ndiyo mwisho. Shule ilikuwa inafunguliwa Jumatatu. Nilipofika nyumbani nilikuta kwenye mlango wa Bibi kuna uzi wa katani wenye mafundo, umebaki na fundo moja. Yeye alikuwa akifungua fundo moja kila siku. Mimi nilifutiwa mistari, Bibi akanihesabia.

Miaka mingi baadaye, hapa Dar, niliukuta uzi wa Bibi kwenye kitabu cha Mjerumani. Karl Weule, mtaalamu kutoka makumbusho ya Leipzig, alifika Masasi na Newala mwaka 1906. Kitabu chake kilitoka kwa Kijerumani mwaka 1908 na kwa Kiingereza mwaka 1909. Humo anaeleza jinsi mtu wa huku alivyokuwa akienda safari na kumwachia mkewe kamba ya magome yenye mafundo kumi na moja: fundo hili leo ninaondoka, hili kesho niko njiani, hili nimefika, mpaka fundo la kurudi. Mke anafungua moja kila siku. Niliposoma hapo nilisimama, nikatembea kidogo chumbani. Watu walionifutia mistari hawakuwa watu wasiojua kuhesabu siku. Walijua sana, na ndiyo maana waliweza kuamua wapi siku zihesabiwe na wapi zisihesabiwe.

Lakini Weule huyohuyo ndiye anayeanzisha sehemu ya pili ya historia hii, sehemu ya kukatwa.

Alikuja wakati mbaya. Vita vya Maji Maji vilikuwa vimepita hapo mwaka mmoja nyuma. Misheni ya Masasi yenyewe ilichomwa moto mwaka 1905. Nchi ilikuwa na njaa na hofu. Weule akaja na mashine ya kupiga picha, mashine ya sinema, na fonografu yenye mitungi ya nta. Watu wakaimba mbele ya pembe la mashine, kisha wakasikia sauti zao wenyewe zikiwarudia. Aliona sherehe za unyago, akakusanya vinyago, akavisafirisha. Sisemi alikuja kwa ubaya. Bila yeye mengi tusingeyajua. Ila fikiria jambo moja: mtungi wa nta wa enzi zile ulibeba dakika mbili, tatu hivi. Ngoma inayokesha ikaambiwa iingie ndani ya dakika tatu. Ikaingia. Mtu wa Leipzig aliyeisikiliza alisikia mapigo, hakusikia usiku. Na vile vinyago vikafika Ulaya bila ngoma, bila moto, bila woga wa watoto, vikatundikwa ukutani. Mdimu aliyetundikwa ukutani ni ubao tu.

Saa ya pili ilikuwa kengele. Misheni ya UMCA ilianza Masasi mwaka 1876, Askofu Steere alipofika na watumwa waliokombolewa kutoka Unguja. Walikuwa wanakusudia kufika Ziwa Nyasa, lakini watu wakapapenda hapo, wakabaki. Mwaka 1882 Wangoni walishambulia kituo, na kazi ikahamia Newala kwa miaka kadhaa chini ya Chauncy Maples, kwenye nchi ya Mfalme Matola wa Wayao. Walipojenga walitundika kengele. Kengele inaleta wiki ya siku saba, inaleta Jumapili, Kwaresima, Pasaka. Inaleta pia saa ya darasa. Sasa kijiji kikawa na sauti mbili za kusema muda: kengele inayosema njooni, na ngoma inayosema nendeni.

Wamisionari wengi popote walipokuwa waliichukia ngoma ya jando, wakaona ni uchafu na upagani. Masasi ikawa tofauti. Padri Vincent Lucas aliyefika huko mwaka 1909 aliona kwamba mzazi Mkristo atampeleka mtoto jandoni iwe isiwe, kwa sababu asiyepita si mtu. Kwa hiyo likaanzishwa jando la Kikristo. Pahali pa mti wa asili ukasimamishwa msalaba, padri akawepo, dawa za hospitali zikatumika kwenye vidonda, na nyimbo na mafunzo yaliyoonekana hayafai yakaondolewa. Mwaka 1926 Masasi ikawa dayosisi na Lucas askofu wake wa kwanza, akakaa hadi 1944. Wasomi wameandika sana juu yake. Mwanahistoria Terence Ranger alichapisha uchunguzi wake mwaka 1972, akasisitiza jambo ambalo sisi tunapenda kulisahau: haikuwa kazi ya Mzungu mmoja. Mapadri Waafrika, kama Kolumba Msigala aliyeacha kumbukumbu zake kwa maandishi, pamoja na wazee wenye jando lao, walikuwa ndani ya mabishano hayo tangu mwanzo, kila mmoja akivutia upande wake.

Nimejaribu kuwaza mabishano yale. Mzee anasema kambi itavunjwa watoto watakapokuwa tayari. Padri anauliza, tayari ni lini, ili apange ibada. Mzee anasema tutajua. Padri ana kalenda mkononi. Mtu anaweza kufikiri ugomvi wa kanisa na ngoma ulikuwa juu ya mizimu, au juu ya nyimbo za matusi. Ulikuwapo huo. Lakini chini yake, nadhani, lilikuwapo swali hili: nani ana haki ya kusema muda umetimia? Jando la Kikristo liliokoa mengi. Liliokoa watoto na vidonda vilivyooza. Liliokoa pia jando lenyewe, kwa maana Mkristo wa Masasi hakulazimika kuchagua. Ila liliingia ndani ya mwaka wa kanisa, likapewa tarehe.

Uhuru ulipokuja tukaleta saa ya tatu, na hii tuliileta wenyewe. Mwaka 1962 Mwalimu Nyerere aliunda Wizara ya Utamaduni wa Taifa na Vijana, ili tuache kuona haya ya ngoma zetu. Ilikuwa nia njema na mimi naisifu. Kikaundwa kikundi cha taifa cha ngoma, na sindimba ya Wamakonde ikawa maarufu nchi nzima, ikachezwa mbele ya wageni, ikafundishwa mashuleni. Si ajabu wewe msomaji wa Moshi au Bukoba umewahi kuicheza kwenye sherehe ya shule, na sketi ya majani. Lakini jukwaani kuna ratiba. Kwaya dakika tano, ngonjera dakika tano, sindimba dakika tano, mgeni rasmi. Kilichobaki ni kiuno. Watu wakaanza kuuliza kama kiuno kile kina heshima, na swali hilo lisingeulizwa mahali ambapo ngoma imekesha, kwa sababu pale kiuno ni sehemu ndogo ya safari ndefu na kila mtu anajua inakoelekea.

Mjomba wangu alishawahi kualikwa na kundi lake kwenye sherehe moja ya mjini. Kijana mwenye kipaza sauti akamwambia, "Mzee, mna dakika nne." Mjomba akauliza, "Nne za kuotesha ngozi, au nne za kupiga?" Yule kijana akadhani ni utani. Wakapiga. Wakapigiwa makofi, wakapewa soda. Njiani kurudi, anasema, hakuna aliyezungumza.

Saa ya nne ni shule. Miaka ya sabini ilitangazwa Elimu ya Msingi kwa Wote, na mtoto akawa wa darasa kabla hajawa wa mjomba. Hatuwezi kulaumu, mimi nisingekuwa naandika hapa. Siku hizi jando linafanywa likizoni, Juni au Desemba. Desemba ina faida yake, pesa za korosho zimeingia, watu wana uwezo wa kupika pilau na kukodi muziki. Ina hasara yake pia: mvua zinaanza, ngozi zinalegea, wapigaji wanashinda na moto kuliko na ngoma. Na spika za kukodi hazihitaji moto. Utakuta kijiji kinawatoa wari kwa singeli, chinganga imechomekwa pembeni, inasubiri.

Tena wapo wanaoruka kambi kabisa. Mtoto anapelekwa hospitali asubuhi, jioni yupo nyumbani anaangalia katuni. Juu ya kisu cha hospitali sina ubishi hata kidogo. Kisu kimoja kwa watoto kumi, katika zama za UKIMWI, hakuna mila inayotetea hilo. Lakini kama nilivyosema mwanzo, kisu ni dakika moja. Tumeiponya ile dakika moja, halafu tukatupa miezi.

Sasa nifike kwenye jambo langu, ambalo ndilo lililonifanya niandike makala hii badala ya kuendelea kunyamaza kijiweni.

Dada yangu anaishi Mbagala, ana mtoto wa kiume wa miaka tisa. Mwezi uliopita alinipigia simu. "Kaka, nataka nimpeleke mwanao hospitali, siku moja tu, tumalize. Shule yao ina masomo ya ziada hata likizo." Halafu akanyamaza kidogo, akasema, "Lakini wewe ndiye mjomba wake."

Ndiyo hivyo. Miaka yote nimekuwa nikisema "mjomba wangu, mjomba wangu", sikukumbuka kwamba na mimi nimeshakuwa mjomba wa mtu. Nikataka kumjibu haraka, nikashindwa. Nikisema ampeleke hospitali na yaishe, basi uzi uliotoka kwa wajomba wasiohesabika unakatikia mkononi mwangu, mimi msomi wa Temeke ninayejidai kuandika historia. Nikisema aende kambini, nitakuwa namtoa mtoto wa mjini kwenye masomo nimpeleke porini kwa sababu ya kiburi changu. Na je, kambi yenyewe ipo? Wazee wanaojua ngoma yote, tangu mkesha hadi kile kimya, wamebaki wangapi pale kijijini? Mjomba alipowahesabu hakumaliza vidole vya mkono mmoja.

Nilikwenda kuwaza hayo kule kijiweni, peke yangu, kabla wenzangu hawajafika. Nikamkumbuka yule aliyesema hatuna dunia za kubuni. Nikaona kwamba hakukosea sana. Dunia ile tunayo, lakini kila mmoja wetu aliyekuja mjini ameikata kidogo ili iingie kwenye ratiba yake, na akiendelea kukata atafika mahali ambapo mbishi wetu atakuwa amesema kweli. Na sisi waandishi tusijidanganye kwamba makala itaiokoa. Makala hii unaisoma kwa robo saa. Ni mtungi mwingine wa nta.

Nilichoamua ni hiki, na sijui kama ni sawa. Nimemwambia dada: kisu kiwe cha hospitali, akapone vizuri, na Desemba nitampeleka mwenyewe Newala. Masomo ya ziada yatamsubiri. Mjomba amekubali kuwaita wenzake waliobaki, wamweke yeye na watoto wengine wa ukoo, kibanda kijengwe, ngoma zipigwe zote kwa mpangilio wake, na simu zibaki kwa Bibi. Dada amelalamika wiki nzima, kisha akauliza anunue nguo mpya za rangi gani.

Imebaki kazini kwangu. Niliandika barua ya kuomba ruhusa ya mwezi mmoja. Nilipoulizwa sababu nikasema shughuli ya kifamilia, ningesema nini? Wamenipa siku kumi na nne. Nikampigia Mjomba kumpa habari, nikiwa na aibu kidogo, nikamwambia, "Mjomba, nimepata siku kumi na nne tu. Zitatosha?"

Alikaa kimya, nikadhani mtandao umekatika. Kisha akaniuliza, "Siku kumi na nne za huko, au za huku?"